Kutazama Upya Msimu wa Kwanza wa Friends kwa Picha ya HD: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Hapa Kigoma tuko watu kadhaa wa Mwanga, Gungu na Ujiji tunaokutana kutazama upya msimu wa kwanza wa Friends, safari hii kwa picha safi ya HD, yaani yenye undani mwingi kuliko ya runinga za zamani. Kila mgeni akija huuliza maswali yaleyale, na wengine huuliza wakiwa nyumbani kabla hawajaamua kuja. Tumeyakusanya hapa. Jibu likishatolewa mahali pamoja hatulirudii, tunakuelekeza tu pa kulisoma.

## Mambo ya mwanzo

Friends ni tamthilia gani hasa?

Ni komedi ya Marekani iliyotungwa na David Crane na Marta Kauffman. Sehemu ya kwanza ilirushwa na kituo cha NBC tarehe 22 Septemba 1994, na ya mwisho tarehe 6 Mei 2004. Ina misimu 10 na sehemu 236. Inahusu vijana sita wa New York: Rachel, Monica, Phoebe, Ross, Chandler na Joey. Wengi wao wanaishi katika nyumba mbili zinazotazamana mlango kwa mlango, na wote wana makao yao kwenye kochi la mkahawa uitwao Central Perk. Msimu wa kwanza unaanza Rachel akiingia mkahawani na shela lake baada ya kukimbia harusi yake mwenyewe.

Hadithi tunaijua. Kwa nini tuitazame tena?

Kwa sababu hadithi tunaijua, lakini sura hatukuwahi kuziona. Wengi wetu tuliipokea kwa kanda za VHS zilizodurufiwa mara nyingi, kisha DVD zenye mikwaruzo, tukatazama kwenye TV za chogo. Tulisikia maneno na tukacheka panapochekesha. Macho ya yule anayesikiliza, mkono unaotetemeka kidogo, mtu anayejizuia kucheka nyuma ya kochi, vyote hivyo vilimezwa na ukungu. Ukitazama kwa picha safi unagundua kwamba nusu ya uigizaji wa msimu huu inafanywa na watu ambao wakati huo hawasemi kitu.

Kwa nini msimu wa kwanza na si ule wanaousifu wengi zaidi?

Misimu ya katikati ina vichekesho vikali zaidi, hilo tunakubali. Msimu wa kwanza una kitu ambacho hakikurudi tena: waigizaji sita ambao dunia ilikuwa bado haijawajua. James Burrows, aliyeongoza sehemu ya kwanza, aliwapeleka Las Vegas kabla tamthilia haijaanza kurushwa, akawaambia hiyo ndiyo nafasi yao ya mwisho ya kutembea bila kutambuliwa. Mwaka huo kila mmoja alilipwa takriban dola 22,500 kwa sehemu. Kufikia misimu ya mwisho malipo yalikuwa dola milioni 1 kwa sehemu.

Tofauti hiyo inaonekana usoni. Katika msimu wa kwanza bado wanatafutana, kila mmoja anamwangalia mwenzake kuona atafanya nini. Matthew Perry, aliyemwigiza Chandler, alifariki tarehe 28 Oktoba 2023. Tangu hapo wengi wetu tunamtazama yeye zaidi, hasa anapokaa kimya.

Itachukua muda gani kuumaliza?

Kuna sehemu 24 za takriban dakika 22 kila moja, kwa hiyo jumla haifiki saa 9. Unaweza kuumaliza Jumamosi moja, ila tunakushauri usifanye hivyo. Sehemu mbili au tatu kwa jioni zinatosha, halafu mkae mzungumze.

## Kuhusu picha yenyewe

Kitu cha mwaka 1994 kimepataje kuwa HD? Si kompyuta tu imekikuza?

Hapana, na hili ndilo swali linaloulizwa kuliko yote. Friends ilipigwa kwa kamera za filamu ya milimita 35, aina ileile ya filamu iliyotumika kwa sinema za ukumbini. Filamu hiyo hubeba picha yenye undani mwingi kuliko runinga ya wakati ule ilivyoweza kuonyesha. Baada ya kupigwa, picha ilihamishiwa kwenye kanda ya video ili ihaririwe na kurushwa, na kanda ya Marekani ilikuwa na mistari ya picha takriban 480 tu. Ikija huku kwetu ilibidi igeuzwe tena iendane na PAL, mfumo wa runinga wa huku, kisha mtu akairekodi kwenye VHS, na mwingine akairudufu. Kila hatua ilipunguza kitu.

Kutengeneza HD, watengenezaji walirudi kwenye filamu zenyewe, wakazipiga skani upya na kuziunganisha upya kufuata uhariri wa zamani. Seti kamili ya Blu-ray, diski za picha ya HD, ilitoka Novemba 2012, ikiwa na mistari 1080. Picha hiyo haikuongezwa. Ilikuwapo ndani ya filamu tangu siku ilipopigwa, ikisubiri runinga zinazoweza kuionyesha.

Desturi ya kupiga komedi kwa filamu, kamera kadhaa kwa pamoja mbele ya watazamaji, ilijengwa na komedi ya Marekani I Love Lucy mwaka 1951. Waigizaji wake wakuu, Lucille Ball na Desi Arnaz, walitaka kubaki California, na njia iliyokuwapo ya kunakili matangazo kwa ajili ya miji ya mbali ilitoa picha mbaya, wakaamua kutumia filamu. Uamuzi wao ndio uliofungua njia ambayo Friends ilipita miaka 40 na ushei baadaye.

Basi hata ile komedi ya Mind Your Language inaweza kuwa HD?

Kwa bahati mbaya, hapana. Tunajua inavyopendwa Afrika Mashariki, na wazee wa Ujiji hutuuliza kila mara. Ile ilirekodiwa Uingereza kuanzia mwaka 1977 kwa kanda ya video, si filamu. Hakuna filamu ya kurudi kuipiga skani. Ukiona mtu ameandika "HD" juu yake, ujue ni picha ileile imetanuliwa. Itazame hivyohivyo, inachekesha vilevile.

Zamani picha ilikuwa karibu mraba. Mbona sasa inajaa runinga nzima?

Ilitengenezwa kwa umbo la 4:3, la runinga za wakati ule. Filamu yenyewe ilikuwa imenasa zaidi pembeni, kushoto na kulia. Wakati wa kutengeneza HD waliufungua upana huo hadi 16:9 na kukata kidogo juu na chini. Kwa hiyo unaona vitu ambavyo mwongozaji hakukusudia uvione: ukingo wa seti, maiki inayochungulia, na katika misimu ya baadaye, sehemu chache ambapo mwigizaji mbadala anaonekana pembeni badala ya mwigizaji mwenyewe.

Umbo lipi ni bora?

Hapa hatukubaliani wote. Msimamo wa mwandishi wa majibu haya ni kwamba 4:3 ndilo umbo la kazi hii. Mizaha mingi ya Friends imepangwa kwa watu watatu waliobanana ndani ya fremu, na mpango huo hulegea nafasi ikiongezeka pembeni. Lakini picha safi inayopatikana kihalali ni ya 16:9, na ukitaka nyuso basi chukua hiyo bila kusita. Usifanye jambo moja tu: kutanua DVD ya 4:3 ijaze runinga pana. Watu wote wanakuwa wanene na hakuna ulichopata. Bonyeza rimoti, rudisha 4:3, acha mistari myeusi ikae pembeni.

Naona chembechembe zinatembea kwenye kuta. Diski ni mbovu?

Diski ni nzima. Hizo ni chembe za filamu yenyewe, na zinaonekana zaidi kwenye matukio yenye mwanga hafifu. Ukizifuta kwa mipangilio ya runinga unafuta na ngozi za watu, wanabaki kama sanamu za nta. Ziache.

Kuna pia vipande vifupi ambapo picha hufifia ghafla kwa sekunde chache kisha ikarudi. Hivyo vimetoka kwenye kanda ya zamani kwa sababu filamu yake haikutumika, navyo ndivyo kipimo kizuri cha kuona tulikuwa tunatazama nini miaka yote ile.

Kwa nini kwangu inaonekana kama taarifa ya habari, watu wanateleza?

Runinga yako inabuni fremu ambazo hazipo. Filamu ina fremu 24 kwa sekunde, na runinga nyingi za sasa hujaza katikati ili mwendo ulainike. Kwenye mpira hilo linafaa. Kwenye Friends linaharibu. Ingia kwenye mipangilio ya picha, tafuta TruMotion kwa LG, Auto Motion Plus kwa Samsung au Motionflow kwa Sony, uizime. Ukiwa hapohapo, chagua hali ya Cinema au Movie, na ushushe ukali wa picha. Kazi ya dakika mbili, na tofauti yake ni kubwa kuliko ya kununua runinga mpya.

Runinga yangu ni inchi 32. Nitaona tofauti?

Ndiyo, ukikaa karibu. Runinga nyingi za inchi 32 hazifikii mistari 1080, lakini hata 720 ni mbali sana na VHS. Sogeza kiti, usikae ukuta wa pili.

## Cha kutazama ndani yake

Niangalie nini ambacho sikukiona zamani?

Anza na mlango wa Monica. Katika sehemu za mwanzo umeandikwa namba 5, na wa Chandler na Joey namba 4. Baadaye kwenye msimu huohuo unakuwa 20, na ule mwingine 19, kwa sababu watayarishaji waligundua kwamba namba 5 haiendani na nyumba ya ghorofa ya juu. Kwenye VHS ungehitaji kukisia. Sasa inasomeka.

Kisha tazama jiko la Monica, vitu vilivyopangwa juu ya makabati, rangi ya zambarau ya kuta. Angalia ile chemchemi ya mwanzoni wanapocheza majini: haiko New York, iko Burbank, California, kwenye eneo la studio za Warner Bros. Jengo la nje ndilo la New York kweli, Bedford Street namba 90.

Ila kuu kuliko yote, mtazame Ross kila Rachel anapozungumza na mtu mwingine. David Schwimmer anaigiza mapenzi hayo kwa shingo na macho, sehemu baada ya sehemu, hadi ile ya mwisho iliyorushwa tarehe 18 Mei 1995, pale Rachel anapojua na kwenda kumsubiri uwanja wa ndege. Tulikuwa tunadhani siri ile ilianza kuonekana katikati ya msimu. Kwa picha safi unaiona tangu jioni ya kwanza, kwenye kochi, na unamhurumia kwa saa zote hizo.

Sehemu gani hupendwa zaidi hapa Kigoma?

Ya saba, ile ya umeme kukatika, na hakuna inayoikaribia.

Chandler anakwama kwenye chumba cha mashine ya kutolea fedha pamoja na mwanamitindo Jill Goodacre, na hawezi kusema neno la maana. Wengine wanakaa nyumbani kwa Monica na mishumaa. Ross anajipa moyo amwambie Rachel yaliyo moyoni, na paka anamrukia mgongoni. Kabla jioni haijaisha ameshatokea Paolo, Mtaliano asiyejua Kiingereza, na nafasi imepita.

Mji huu ulitegemea majenereta ya dizeli kwa miaka mingi kabla ya gridi ya Taifa kufika, kwa hiyo hakuna anayehitaji kufafanuliwa hali ile. Watu hapa wanajua mazungumzo ya gizani yalivyo: mtu husema asichosema mwanga ukiwapo, na umeme ukirudi kila mtu hutazama pembeni kidogo. Sehemu hii inalijua jambo hilo vizuri mno. Na ndiyo iliyoumia zaidi kwenye VHS, kwani matukio ya mishumaa yalikuwa weusi mtupu na sauti juu yake. Kwenye HD unaona mwali ukicheza usoni mwa Jennifer Aniston, anayemwigiza Rachel, wakati Ross anakusanya ujasiri. Tukiifikia, huwa tunazima taa zote za sebuleni.

Jambo la ziada: usiku huo, tarehe 3 Novemba 1994, NBC iliunganisha giza hilo na komedi nyingine za Alhamisi. Hitilafu ilianzia ndani ya Mad About You, ikaenea hadi Friends na Madman of the People. Seinfeld haikushiriki.

Yule daktari wa sehemu ya 17 ni George Clooney kweli?

Ni yeye, pamoja na Noah Wyle, katika nusu ya pili ya hadithi iliyogawanywa kwa sehemu mbili. Tamthilia yao ya hospitali, ER, ilikuwa imeanza NBC wiki hiyohiyo Friends ilipoanza. Hapohapo utamkuta Ursula, pacha wa Phoebe, ambaye pia anaigizwa na Lisa Kudrow. Ursula alikuwa tayari mhudumu wa mgahawa kwenye Mad About You, na undugu ulibuniwa ili kueleza kufanana kwao.

Kicheko kile ni cha watu au cha mashine?

Cha watu waliokaa mbele ya seti, ingawa wahariri walikirekebisha baadaye. Sikiliza jinsi waigizaji wanavyosubiri kiishe ndipo waendelee.

## Kuipata, bando na umeme

Nitaipata wapi kihalali?

Kwa diski, au kwa huduma za kulipia mtandaoni. Haki za kuonyesha huhama: Marekani Friends iliondoka Netflix mwisho wa mwaka 2019 ikaenda HBO Max mwaka 2020. Kwa hiyo tafuta jina lake ndani ya huduma inayopatikana Tanzania kabla hujalipa mwezi.

Ukiagizia diski kwa ndugu aliye nje, mwambie aangalie namba ya eneo. Kwa Blu-ray, Afrika iko eneo B. Kwa DVD, Tanzania iko eneo la 5, na DVD ya Marekani, ya eneo la 1, hugoma kwenye mashine nyingi.

Nina DVD za zamani. Nizitupe?

Zitunze. DVD zina vipande vya ziada ambavyo havikurushwa hewani, wakati Blu-ray ina sehemu kama zilivyorushwa. Ukikumbuka mzaha na huuoni kwenye HD, pengine uliuona kwenye DVD.

Bando kiasi gani litatosha?

Kwa HD hesabu hadi takriban GB 3 kwa saa, yaani kama GB 26 kwa msimu mzima. Ukishusha ubora hadi wa kawaida, hesabu hadi GB 1 kwa saa, lakini hapo umerudi karibu na DVD. Kama huduma inaruhusu kupakua kwenye simu, pakua usiku kwa bando la usiku kisha utazame mchana. Kutazama moja kwa moja kwa HD kamili kunahitaji kasi ya megabiti 5 kwa sekunde isiyoyumba.

Nimeweka video kwenye flashi, sauti ipo lakini picha hakuna.

Faili limebanwa kwa mfumo ambao runinga yako haiujui, mara nyingi H.265. Tumia kompyuta kwa waya wa HDMI. Na flashi ikikataa kabisa kupokea faili kubwa, ipo kwenye mpangilio wa FAT32, ambao haupokei faili la zaidi ya GB 4. Ipange upya kwa exFAT, baada ya kuhakikisha runinga yako inaisoma.

Umeme ukikatika katikati?

Runinga ya LED ya inchi 32 hula wati 50 hivi. Betri ya sola ya 12V yenye 100Ah, ukiitumia nusu tu ili isife mapema, inabeba takriban wati-saa 600. Msimu mzima unahitaji kama 440, ukiacha kinachopotea kwenye inveta. Weka pia kilinda umeme, kwa sababu kinachoua runinga ni umeme unaporudi kwa nguvu.

## Kutazama pamoja

Kwa nini hamweki ile iliyotafsiriwa na DJ?

Tunawaheshimu sana MaDJ wa mabanda. Bila wao wengi tusingeonja sinema za nje. Lakini sauti ya DJ hujaza kila pengo, na komedi hii imejengwa juu ya mapengo. Chandler anasema kitu, kimya kinapita, Monica anageuka taratibu. Kikijazwa kimya kile hakuna kilichobaki cha kucheka.

Kiingereza changu ni kidogo.

Karibu. Tunawasha manukuu, na tukimaliza kila sehemu tunaulizana palipopita kasi. Kuna mizaha inayotegemea matangazo na watu maarufu wa Marekani wa miaka ile, hiyo hata wanaojua Kiingereza haiwafikii. Tukiwa na wageni kutoka Kalemie au Bujumbura huwa tunatafuta manukuu ya Kifaransa. Angalia nyuma ya boksi kama yapo.

Nije na watoto?

Wadogo, hapana. Hakuna picha chafu, ila mazungumzo ya mapenzi ni mengi, na ndoa ya Ross imevunjika kwa sababu mkewe Carol amempenda mwanamke mwenzake. Mwanao wa sekondari, wewe mzazi ndiye unayemjua. Tazama kwanza peke yako.

Mnakutana lini?

Tunafuata mwezi. Wenzetu wa Kibirizi na Katonga huvua dagaa kwa taa usiku, na mwezi ukiwa mpevu taa hazivuti samaki, hivyo wanakuwa nchi kavu. Siku hizo ndizo zetu. Mwaka 2024 Ziwa Tanganyika lilipofungwa kwa uvuvi kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti, ratiba hii isingekuwa na maana, kwani kila jioni wavuvi walikuwa nyumbani.

Nikikosa sehemu kadhaa, naweza kuingia katikati?

Nyingi zinajitegemea. Usikose ya kwanza, ya saba, ile ya 23 anapozaliwa Ben mtoto wa Ross, na ya mwisho. Ukikosa hii ya mwisho, usikubali mtu akusimulie. Tuambie, tutairudia.

Na waliokwisha kuiona mara nyingi wanakaa wapi?

Mbele. Wao ndio wanaojua wakati wa kuacha kumtazama anayesema.